Hasi Themanini

Funguo arobaini na moja, na kila mmoja naujua kwa kidole gumba.
Huu uliopinda ni wa chumba cha mizani,
ambako huruhusiwi kupumua kwa pupa:
pumzi ina uzito, na mizani ile haina adabu,
itakusema mbele za watu hadi tarakimu ya nne.

Lifti?
Tangazo la "Imeharibika" limechapishwa upya mara tatu.
Lifti yenyewe haijaguswa.
Basi tunapanda. Mitungi ya gesi inapanda mabegani,
Profesa Wekhanya anapanda, akisimama kila kona ya ngazi
kujifanya anasoma mabango ya utafiti wa mwaka wa tisini na nane.

Ghorofa ya kwanza, vyura ndani ya chupa, weupe kama mishumaa.
Ya pili, meza za mvule zilizobabuliwa na asidi,
na jina limechongwa kwa wembe: OTISO 1987.
Nasikia Otiso ni mtu mzito siku hizi, ana dereva.
Meza haina habari.
Mabomba ishirini na manne; yanayotoa maji, tisa.
Darubini nane, wanafunzi sitini,
kila mtu dakika moja na ngozi ya kitunguu,
na wapo niliowaona wakiinua uso kutoka pale
wakitazama mikono yao wenyewe kana kwamba wameazimwa.

Ya tatu ndiyo yenye friza.

Alhamisi ile, mvua ya Aprili, stima ilipotea
kutoka Westlands hadi ng'ambo ya mto.
Jenereta ilikohoa mara mbili, ikanyamaza:
dizeli yake ilikuwa ingali inangoja sahihi ya nne.

Humo ndani mna tope la Magadi,
miaka mitatu ya Chepng'eno,
vijidudu alivyovichota pale ambapo chumvi hubabua nyayo,
vichupa elfu moja na mia mbili,
kila kimoja na mwandiko wake mdogo, mdogo kama chawa.
Alikuja mbio kutoka bwenini, kandambili, leso juu ya nguo ya kulalia.
Hakulia. Aliuliza tu, "Imefika ngapi?"
Hasi sabini na moja.
Akanyoosha mkono kwenye mpini. Nikaushika.
Mlango ukifungwa, baridi ina subira. Sisi ndio hatuna.

Nilimpigia Kilonzi, tuliyecheza naye mpira Kathiani,
sasa bawabu wa kiwanda cha barafu kavu kule Indastria.
Sikumwambia ni sayansi. Nilimwambia kuna mtoto wa watu.
Saa tisa kasorobo akatokea na bodaboda, masanduku mawili,
moshi mweupe ukimfuata barabara nzima,
na askari wa langoni akamkimbilia na ndoo ya mchanga
akipiga kelele, "Shuka! Shuka, inaungua!"

Ngazi tisini na sita, gizani.
Simu mdomoni, tochi ikimulika meno na ukuta,
glavu za kuokea mikate, za nani sijui,
na barafu ikitoa moshi kama chungu kilichosahauliwa jikoni.
Tukafungua mara moja. Tukaweka.
Tukafunga kabla ya kumi; yeye ndiye aliyehesabu,
kwa Kipsigis, na alipofika saba sauti ikamkatika.

Halafu hakuna. Mvua. Kilonzi akasoma ile jedwali ya elementi
kwa tochi, herufi moja moja, akauliza dhahabu iko wapi.
Nikamwonyesha. Akasema, "Kumbe ni kajumba kadogo hivi."

Stima ilirudi saa kumi na moja na dakika arobaini.
Taa zote kwa pamoja, na bomba moja kati ya yale yaliyokauka
likapiga chafya, likatema kutu.
Chepng'eno alikuwa amelala sakafuni, mgongo kwenye friza,
kama anayemlinda ng'ombe aliye karibu kuzaa.
Sikumwamsha. Nikafungua daftari.
Tarehe. Saa. Hasi sitini na nne.

Kwenye safu ya Maoni nilifikiri kidogo.
Nikaandika: Lifti.