Barua kwa Kamati ya Majina

Waheshimiwa, mmeuliza asili.
Hatukulitoa kitabuni.
Usiku ule barabara ya Ísafjörður ilifungwa,
Sigurlaug akashikwa na uchungu
ndani ya katapila langu la theluji,
redio ikikariri neno moja: él, él,
theluji ya ghafla, ya kupita.
Ikapita. Mtoto akalia.

Tukalishonea mkia: Élja.

Mwasema sarufi inalikataa.
Mwezi wa nne huu kadi ya kliniki yasema "Msichana" tu,
na bibi yake, kwa ukaidi, humwita Kijiko.

Maana? Sina hakika.
Najua hili: nikirudi alfajiri,
viatu vingali vinachuruzika mlangoni,
nikalitamka polepole,
kichwa kile kidogo
kinageuka.