Pigo la Tatu

Tabora ninayoisema, usiitafute ramanini.
Ukishuka stesheni, vuka reli kwenda Ng'ambo,
pita mashine ya kusaga, pita kwa muuza nta,
utaona mlango wa bati ulioandikwa kwa chaki:
TUNATOA SAUTI. MBAO, CHUMA, UDONGO. NGUO HATUTOI.

Nguo hupayuka, Sizya aliniambia baadaye,
shati moja lina soko zima ndani yake,
kifuku kinakukuta bado unalichambua.

Nilibeba kinu begani, kinu cha mninga cha mama,
mdomo wake umelika upande mmoja
kama soli ya mtu anayechechemea.
Sizya hakunisalimu. Alikigonga kwa kifundo cha kidole,
akategea sikio kama mnunuzi wa tikiti,
akasema, "Kimejaa. Elfu tatu kwa pumzi moja.
Ukitaka kulia, kalie nje; machozi yanaharibu nta."

Akapanga vifaa juu ya gunia la tumbaku:
msumeno usio na meno, wa kukatia kimya;
koleo la pembe, la kushikia mwangwi kabla haujageuka;
mrija wa tete; na bomba la moshi la warina asali,
maana sauti nazo, alisema, huuma zikishtuliwa.
Na kijiko kimoja cha bati.
"Hicho?"
"Cha kukorogea chai."

Akafukiza. Akachomeka mrija kwenye ufa.
Kwanza ikatoka mvua, mvua ya miaka, juu ya paa,
akaimwaga kwenye ndoo bila kuitazama.
Ikafuata honi ya treni ya Kigoma, saa nane usiku,
mbwa wa kina Msimbira, aliyekufa nikiwa darasa la tatu,
redio ya jirani ikitafuta stesheni bila kuipata.
Kisha mtwango: tu, tu,
halafu kitambo,
halafu tu.

"Mbona la tatu linachelewa?"
Sikujua. Utoto wangu wote nimelala na kuamka
juu ya mapigo yale, sikuwahi kuyahesabu.

Akateremsha koleo chini zaidi,
kwenye nyuzi za mti ambako unga haufiki,
akavuta, jasho likimtoka puani,
na mama akasema, si kwangu, kwa mchi:
"Kaondoka bila kula."

Basi. Si jina langu, si wimbo, si wosia
niliokuja kuutafuta kwa nauli ya kukopa.
Asubuhi ile ya kwenda Urambo kwenye tumbaku
nilipita nyuma ya jiko, viatu mkononi,
nikidhani anayetwanga hasikii.

Sentensi ikaning'inia kwenye koleo, ikitetemeka
kama panzi aliyeshikwa mguu.
Sizya akafungua kikombe cha nta.
"Nikiitia humu ni yako, utaisikia hata mara mia.
Ila kinu kitakuwa bubu. Utatwanga kama unatwanga pamba.
Amua haraka, mkono unachoka."

Nilitazama kikombe: kidogo, safi, kifuniko kipya.
Nilitazama kinu.
"Irudishe."

Akanitukana kidogo, kwa Kinyamwezi, taratibu,
akairudisha, akaziba ufa kwa nta na mate.
"Kurudisha ni elfu tano. Ni kazi kuliko kutoa."
Nikalipa. Mvua yangu iliyobaki kwenye ndoo
akaumwagia mchicha wake, nao ukaanza kunong'ona.

Usiku nimeketi uani kwetu Isevya,
konzi mbili za karanga ndani ya kinu.
Sina njaa. Nimebandika sufuria hata hivyo.
Nikatwanga: tu, tu,
mkono ukasimama wenyewe hewani,
na katika nafasi ile, upana wa pumzi moja,
nikageuza uso kuelekea njia ya nyuma ya jiko
kuona kama kuna mtu anapita
ameshika viatu.