Gongo la Singano

Mpira wa kwanza aliusuka mwenyewe,
uzi wa mkonge juu ya kokwa la embe,
akaukaza mafundo mpaka ukawa unalia ukipigwa.
Gongo: tawi la mkwaju
lililopinda kabla yeye hajazaliwa.

Miaka kumi na saba, timu ya karakana ya reli,
beki wa kushoto, uwanja wa vumbi nyuma ya Ngamiani.
Hakuwa mtu wa magoli. Alifunga moja,
dhidi ya Polisi, na hata hilo
alikuwa anabutua tu.
Gazeti likamwandika Sindano Mhina.
Akacheka. Hawakukosea, alisema,
wamenitafsiri.

Jino moja aliliacha Moshi,
kucha mbili Unguja.
Nusu fainali alivunjika kidole dakika ya tatu,
akakifunga na mwenzake kwa kamba ya kiatu,
akacheza hadi filimbi. Walifungwa nne.
Kesho yake, saa moja asubuhi, yuko karakana,
anakaza nati kwa mkono uliobaki.

Hakuagwa.
Msimu mmoja jina lake halikusomwa, basi.
Aliuliza tu:
jezi niirudishe ikiwa imefuliwa?

Leo gongo ni komeo la mlango wa uani.
Mama hulipachika usiku, hulitoa alfajiri,
hulilaani likivimba kwa mvua za vuli.

Nami nimemwona baba, akidhani tumelala,
analichomoa taratibu,
anainama, magoti yakinung'unika,
macho kushoto.

Mlango uko wazi nyuma yake.
Hakuna kinachopita.