Kona ya Juu Kushoto

Baba, fundi Munsami wa Lautoka,
alishona bendera za wilaya kwa vipande.
Samawati kwanza, majora mawili kutoka Suva,
kisha ngao: miwa, mnazi, njiwa, mkungu wa ndizi,
na simba, mnyama ambaye hakuwahi kukanyaga Fiji.
Mwisho kabisa kona ya juu, kushoto,
misalaba ya wenyewe.

"Hapo ndipo pagumu," alisema, pini mdomoni.
Mstari mweupe mwembamba huku, mnene kule;
ukikosea upana umeipindua,
na bendera iliyopinduliwa baharini
ni kilio: tunazama.
Hakukosea hata siku moja.

Babu yake alikuja na gumba tu.
Wino walimwazima.
Akagonga gumba kwenye karatasi, akaiita girmiti,
maana ulimi wake uligoma kutamka neno lenyewe,
na miaka mitano ikaota miwa hadi mlangoni.
Mwenye karatasi aliishi ng'ambo.
Jasho hakulijua. Sukari aliijua.

Alhamisi moja ya Mei, mwaka themanini na saba,
askari waliojifunika nyuso waliingia bungeni.
Tulifunga duka.
Jioni Vasemaca wa nyumba ya pili
alipita mlango wa nyuma na fungu la magimbi,
akaketi karibu na cherehani, asiseme neno.
Binamu yake alikuwa mmoja wa wale askari.
Magimbi tulikula.

Oktoba wakubwa wakakutana Kanada,
na redio ikatangaza: tumetoka katika Jumuiya ya Madola.
Madola! Dola gani, sisi tuliopimwa kwa ratili?
Asubuhi yake nilinunua mkate
kwa sarafu yenye kichwa cha malkia.
Mwenye nyumba katufukuza,
picha yake tumebaki nayo mfukoni.
Na mbele ya ofisi ya wilaya ilipanda
bendera ile ile, yenye kona ile ile,
mshono wa baba.

Kaka yangu Dorsami akahamia Auckland.
Shangazi, Brisbane. Mwenye duka la viatu, Vancouver.
Nusu ya mtaa wetu ilikimbilia kwa wanachama wema,
na mlangoni kila mmoja aliulizwa:
utakaa siku ngapi?

Miaka kumi, tukarudi.
Tukasimamishwa. Tukarudi. Bunduki tena,
tukasimamishwa tena,
kama mgeni anayesahau mwavuli kila akiaga.
Walipocheza Michezo yao kule India,
nchi lilikotoka lile gumba,
sisi hatukuwamo.
Baba alitazama hata hivyo, sauti ameizima,
akihesabu bendera, akikosoa mishono.

Sisemi walikosea.
Kura zetu zilipofungiwa kabatini
nani mwingine aliuliza ziko wapi?
Waliuliza. Waliandika barua, walituma wazee wenye tai.
Lakini mwenye kuuliza
ndiye aliyetuleta,
na hilo baba hakulipatia uzi.

Nimeweka senti ishirini moja ya zamani.
Mpya zina ndege na samaki.
Hii upande mmoja ni malkia,
upande wa pili tabua, jino la nyangumi.
Vasemaca alinifunza: aliyekosa huja na jino,
huketi chini, husema polepole,
kisha hungoja, hata kukiwa na mvua,
lipokelewe au lisipokelewe.

Nasikia sisi tulipeleka jino London.
Likapokelewa.

Naizungusha sarafu mezani palipokuwa cherehani.
Malkia, jino, malkia, jino,
kwa kasi mpaka haionekani ipi ni ipi.
La babu bado.
Labda nyangumi mwenyewe bado anaogelea nalo.
Mimi nimeketi. Mlango nimeuacha wazi.