Sufuria la Watu

Barua ilisema miezi sita.
Ninayo bado, nimeikunja mara nne,
muhuri wake wa zambarau umevujia upande wa pili,
na jina langu, Nyamizi Lugembe, Mkaguzi wa Samaki Daraja la Pili,
linasomeka kama limeandikwa chini ya maji.

"Unaazimwa tu," alisema Bwana Masele wa utawala,
kwa sauti ya mtu anayeomba chumvi dirishani.
"Ardhi wamezidiwa, hati za Buswelu zimelundikana.
Utarudi kabla masika haijakatika."
Masika imekatika mara tatu.

Nilitoka Mwaloni, kwenye mizani na barafu,
ambako kidole changu kikibonyeza ubavu wa sangara
kilijua kabla ya maabara amelala siku ngapi.
Nikapewa rula, na meza yenye mguu wa matofali,
nikakagua mipaka ya ndugu wasiosalimiana.
Sikulalamika.
Kiwanja nacho huoza, ukikiacha bila hati.

Ila mwezi wa saba niliuliza habari ya daraja.
Ardhi wakasema: mshahara wako unatoka Uvuvi, kawaulize.
Uvuvi wakasema: hupo hapa, tukupime kwa kazi gani?
Fomu ina kisanduku kimoja cha sahihi ya msimamizi.
Kimoja.
Nimepanda nacho kilima, nimeshuka nacho,
kwa jua la Mwanza linalopikia juu ya mawe,
na kila mlango ulikuwa na kalamu, isipokuwa ya kwangu.

Nilipojifungua Kwilasa
ombi la likizo ya uzazi lilizunguka ofisi mbili.
Lilipopata muhuri, mtoto alishajua kucheka.

Bituro tuliajiriwa siku moja,
tukipokezana kalamu moja kwenye fomu za kiapo.
Amepanda mara mbili. Simwonei kijicho,
alinichangia hata nepi.
Hesabu tu ndiyo inayonikaa kooni, kama mwiba wa sato:
unajua ulipo, na wali hauushushi.

Mama yangu alikuwa na sheria zake za kuazima.
Sufuria la watu huoshwa ndani na nje, mpaka masizi.
Halirudi tupu, hata iwe dagaa wa kiganja.
Likipasuka mkononi mwako, usiseme lilikuja na ufa.
Na sikuwahi kusikia, kwenye nyumba yoyote ya Sengerema,
sufuria likiambiwa likatafute lenyewe kwao.

Ng'washi wa masijala alinifungulia kabati
saa ya chakula, wengine wakiwa kwa mama ntilie.
Kanuni ilikuwapo. Aliyeazimwa hapotezi cheo,
wala likizo, wala miaka yake ya utumishi.
Tuliisoma mara mbili, yeye kwa sauti.
Ukurasa ulikuwa mweupe, msafi kabisa,
kama shuka la kitanda cha wageni wasiofika.

Basi jana nikashuka Mwaloni kudai kiti changu.
Kimekaliwa.
Kijana mpole, Mugeta, shati limepigwa pasi,
anamkagua sangara kwa kusoma orodha.
"Samahani dada," akasimama, "hata mimi nimeazimwa.
Kutoka Kilimo. Miezi sita."
"Tangu lini?"
Akageukia ziwa. Lundo la magugu maji lilikuwa linapita,
kisiwa kizima, na ndege wake juu,
kisichojua kiko wilaya gani.

Hasira niliyokuja nayo ikakosa pa kukaa.
Nikamwonyesha pa kubonyeza,
hapa, nyuma ya pezi, si hapo,
halafu nikamwomba barua yake.
Imekunjwa mara nne.

Tukageuza kreti, tukaketi, goti likawa meza.
Kwa Katibu Tawala. Sisi tuliotajwa hapo chini.
Mugeta ana mwandiko mzuri, nikamwachia kalamu.
Chini tukapiga mistari miwili ya sahihi.
Kreti lilikuwa na barafu, likatulowesha nguo.
Hatukuinuka.