Robo Ekari

Mama, gunzi ulilolitupa karibu na meko
nimelibeba hadi Maseno ndani ya mfuko wa sukari,
pamoja na chupa ya musherekha wako,
ule uliouchuja kwa jivu la maganda ya maharagwe
ili mrenda uteleze na kunde zilainike.
Usiniulize kama nakula vizuri.

Maabarani hatuli. Tunachoma.
Gunzi huingia tanuri lisilo na hewa,
maana likipata hewa litakuwa jivu, na jivu tunalo;
tunataka liive bila kuwaka,
lishike weusi wake kama mtu ashikaye hasira.
Kisha musherekha
(nilitumia wako; potashi ya dukani iliisha
na barua ya kuomba fedha bado imelala kwa mhasibu)
huingia ule weusi, huutafuna,
vitundu ndani ya vitundu,
mchwa wasio na miguu.

Naosha. Naosha tena. Karatasi ya litmasi
yakataa kutulia hadi maji ya saba.
Daktari Amugune anapita, anauliza: bado tu?
Bado.

Sasa keti kwanza, usikie hesabu.
Gramu moja ya vumbi hili, uzito wa punje tatu za mahindi,
ukizikunjua kuta zake zote, uzianike juani,
inatoka robo ekari.
Robo ekari, mama! Sawa na kile kipande
Baba alichompimia Asava, kisha Ndanyi, kisha Adagala,
kwa kamba ya katani na hatua za miguu,
hata mpaka wa mwisho ukapita juu ya kaburi la nyanya,
na mimi nikaambiwa nitaolewa.

Ukilichaji, chembe za chumvi hukimbilia kuta,
hujibanza kama wageni wa matanga usiku wa mvua,
kila mmoja na mgongo wake ukutani.
Hakuna anayeomba kitanda.
Ukiziita, hutoka papo hapo.

Jana jioni nilibana vipande viwili, karatasi mbichi katikati,
nikaunga taa ndogo nyekundu.
Iliwaka sekunde arobaini na moja.
Ikafifia. Nikajaza tena. Ikawaka arobaini.
Hiyo moja iliyopotea ndiyo itakayonikesha mwaka huu.

Asava usimwambie bado.
Ila mahindi yakikauka usikokee moto magunzi yote;
niwekee debe moja, na jivu la maharagwe.
Na yule mpima ardhi wa Mbale akipita tena hapo kwetu,
mwambie aje na kijiko.