Ufunguo Mweusi

Nina funguo thelathini na nane kiunoni.
Kila hatua yangu ni njuga;
wanafunzi hunisikia kabla hawajaniona,
wakaficha sigara.

Huu wa shaba ni wa lango la mashariki.
Juu ya lango, majina ya vijana kumi na wanane
waliocheza hapa vuli moja, kisha wakapanda treni
kwenda vitani, ng'ambo, na treni ikarudi.
Jina la kumi na moja lilikosewa herufi.
Mama yake aliandika barua miaka tisa.
Chuo kikamjibu mara moja tu:
jiwe limekwisha kuchongwa.

Na uwanja wenyewe? Ulikuwa shamba la ngano.
Mwaka 1921 mkuu wa chuo alifuta mitihani ya siku mbili
akagawa sepetu.
Wakachimba wa sheria, wakachimba wa theolojia,
wakachimba wa kilimo, na hao pekee
ndio waliojua mpini unashikwa wapi.
Wakamwaga masalio ya makaa kuwa njia ya mbio,
wakapigilia mbao za kukalia, ngazi kumi na mbili,
wakapiga picha,
wakasahau kwamba ardhi ya Saskatchewan haijui kutulia.

Majira ya baridi udongo huganda hadi kimo cha mtu.
Ukiyeyuka, hutapika mawe.
Kila Aprili timu nzima ilijipanga, bega kwa bega,
ndoo mkononi, ikiokota.
Baba yangu, Orest Halychuk, mtunza uwanja,
alisema hili ndilo zao pekee lisilodai mvua.

Siku hizi tuna nyasi za plastiki.
Tuna minara minne ya taa, ubao wa matokeo
unaong'aa kuliko altare,
mabeseni ya barafu ya kupoza misuli,
vyoo vinavyojua mtu ameinuka.
Viti elfu sita na mia mbili. Siku ya mechi
huja watu mia tisa, kama upepo hauna hasira.
Sicheki. Nami huwa miongoni mwao.

Lakini kuna ufunguo mmoja, mweusi, mfupi,
hauingii popote.
Mhandisi wa jukwaa jipya aliniambia niutupe.
Baba, kitandani, siku zake za mwisho,
aliniambia: utakuja kuulizwa.

Nikaulizwa Jumanne iliyopita.
Bibi wa miaka themanini na mmoja, mkongojo mkononi,
miguuni viatu vya mbio, rangi ya chungwa.
Thora Gudmundson.
"Chumba cha makaa kiko wapi?"

Wasichana sita. Saa kumi na moja alfajiri,
maana ratiba ya uwanja haikuwa na safu yao.
Walivua makoti juu ya lundo la makaa,
wakatoka na vifundo vyeusi, wakazunguka gizani
wakihesabu mizunguko kwa kunong'ona.
Mtunza uwanja hakuwaona hata siku moja.
Ila kila usiku alisahau ufunguo kwenye msumari,
na kila alfajiri boila ilikuwa imekwisha kuwashwa.

Baba! Mtu aliyehesabu hata misumari.

Nikampeleka chini ya jukwaa la magharibi.
Ukuta wa zege. Mtungi wa kuzimia moto.
Bango la kinywaji.
Nikampa ufunguo. Akauegemeza ukutani,
akauzungusha kidogo, kulia.
Hakutoa chozi. Alisema tu:
"Kulikuwa na joto humu."

Leo asubuhi, karibu na mstari wa yadi arobaini,
nimejikwaa.
Uvimbe mdogo chini ya nyasi za plastiki,
kama ngumi ya mtoto ndani ya shuka.
Kuna fomu ya kujaza. Kuna namba ya kupiga.
Watakuja na mashine, wafunue, wasawazishe.

Nimeupapasa kwa kidole gumba, nikanyanyuka,
nikaenda zangu kufungua lango.